Ubani wa Kipungu

Roda alinipigia simu Jumatano asubuhi, nikiwa jikoni kwangu mtaa wa Shika Adabu nakuna nazi, akaniambia Bi Zuhura amefariki na ameshazikwa. "Hitima ni kesho kutwa, huko huko Magongo," akasema, "na usiniletee stori ya magoti, Mwanaisha. Yangu pia yanauma na nitakuwa hapo." Roda amezeeka lakini mdomo wake haujazeeka. Nilibaki nimekaa juu ya mbuzi, kizio cha nazi mkononi, nikalia kidogo, kisha nikaendelea kukuna kwa sababu mchele ulikuwa umeshaoshwa na watu wangu wangetaka kula.

Siku ya hitima tulikaa ua wa nyuma, mimi na Roda, sahani za pilau mapajani, tukiutazama ule ukuta mrefu wa yadi ya makontena. Mjukuu wa Bi Zuhura, binti mwenye adabu zake, alikuja kutujazia maji akauliza tulijuana vipi na bibi yake. Roda akamwambia, "Tulikuwa tunaosha matumbo." Binti akacheka, akadhani ni mzaha wa wazee, akenda zake. Sikumlaumu. Pale ulipo ule ukuta ndipo uliposimama mlingoti wa meli za angani, na leo ukimwambia kijana wa Changamwe kwamba babu zake walikuwa wakipanda meli hapo juu ya mabati ya nyumba zao wakenda Lamu, atakuuliza kama umemeza dawa zako. Basi nitaeleza, na nitaeleza mwaka mmoja tu, ule nilioishi hapo Magongo. Wazazi wangu nawaacha walipo, Mungu awarehemu, maana habari zao ni ndefu na si hizi.

Zilikuwapo meli za angani za kila namna enzi hizo, ndogo za barua, pana za mizigo, lakini kubwa kuliko zote zilikuwa zile za aina ya Kipungu. Ukiisimamia chini Kipungu ilikunyima jua. Vyumba vya abiria vilining'inia chini yake, na juu ya vyumba, ndani ya lile tumbo refu, ilipangwa mifuko ya gesi nyepesi ndiyo iliyoibeba. Na mifuko hiyo haikuwa ya kitambaa wala ya mpira, ilikuwa ya utumbo wa ng'ombe. Naam, utumbo. Kuna utando mwembamba juu ya utumbo, ukiuchuna vizuri, ukauosha, ukaupaka gundi, ukaupanga tabaka juu ya tabaka, ukikauka hata pumzi haipiti, na mfuko mzima uwezao kumeza nyumba hubebwa na wanawake wachache vichwani. Kazi hiyo ilikuwa yetu. Matumbo yaliletwa kwa mapipa kutoka machinjioni, na Bi Zuhura, aliyekuwa msimamizi wetu bandani, hakukubali pipa hata moja mpaka ahakikishiwe ng'ombe alichinjwa kwa bismillahi. Alisema watu hawawezi kupaa mbinguni kwa kibudu.

Mimi na Roda tulipanga chumba kimoja nyumbani kwa Bi Zuhura huyo huyo. Vitanda viwili, pazia la leso katikati, kuta zisizofika paa, kwa hiyo maneno ya nyumba nzima yalikuwa ya kila mtu. Asubuhi Bi Zuhura alitupa mahamri na mbaazi, akitugombeza huku akitujazia, na jioni Roda, aliyetoka bara na aliyekuwa bado hajaizoea nazi, alijipikia sima yake na omena. Bi Zuhura akiisikia ile omena alifunga mlango wake kwa kishindo. "Roda! Wataka kutuua kwa harufu?" Roda naye akajibu kutoka jikoni, "Mama, sisi wote hapa tunanuka kama kichinjio, hii omena ndio manukato!" Tulicheka, lakini ilikuwa kweli na ilituuma. Harufu ya matumbo haikutoka kwa sabuni wala kwa ndimu. Mtaani walituita wanawake wa matumbo. Kwenye arusi tulikaribishwa tukae karibu na masufuria, ati huko kuna upepo. Mtu wa bara labda angevumilia, lakini mwanamke wa pwani umwambie anuka, bora umpige kofi.

Bi Zuhura ndiye aliyenipokelea posa mwaka ule, akasimama badala ya mama yangu. Aliyenichumbia aliitwa Salimu, mtu wa Likoni, mrefu, mwembamba, mpole hadi akuudhi. Alikuwa fundi wa ndani wa Kipungu mpya kuliko zote, iliyoitwa Subira. Kazi ya fundi wa ndani ilikuwa kutambaa katikati ya mifuko, miguu na soksi tu, kikopo cha gundi kiunoni na viraka vya utando kifuani, meli ikiwa angani na watu wamekaa chini yake wakinywa chai. Kisichojulikana na wengi ni kwamba mafundi wale walifanya kazi kwa pua. Utando ukianza kuoza mahali, kabla haujatoboka, hutoa harufu ya maziwa yaliyochacha, na katikati ya uvundo wote wa matumbo, fundi aliyezoea huinasa mara moja akaifuata mpaka mahali penyewe. Salimu alikuwa akinisifia pua yake kama vijana wengine wasifiavyo mabega yao. Mimi nilikuwa nikimwambia kwa pua hiyo basi hataniacha nipike kwa amani. Tungeoana baada ya mvua za mwaka ule kukatika, na godoro lilikuwa limeshanunuliwa, limesimamishwa nyuma ya kabati la Bi Zuhura.

Kisa kilianza siku walipokuja watu wa arusi kupanda Subira. Bibi mmoja mwenye dhahabu mpaka viwikoni alifika nusu ya ngazi, akainua ukingo wa buibui akaziba pua, akasema kwa sauti ya kila mtu asikie, "Mimi nipande ndani ya tumbo la ng'ombe? La hasha!" Akageuka, na wote waliokuwa nyuma yake wakageuka, ngoma na masinia yao, huku watu wa Magongo wakiangua kicheko. Sisi tulikuwa tumesimama mlangoni mwa banda na aproni zetu. Jioni ile Bi Zuhura hakula. Alikaa kitandani kwake, na juu ya ukuta tukamsikia akijisemea, "Nimevukiza mabibi arusi wa mji huu wote mimi. Mimi. Leo naambiwa nanuka."

Na hapo ndipo fikra ilipomjia, maana kweli alikuwa hodari wa ubani na udi, hakuna arusi ya Changamwe iliyokamilika bila chetezo chake. Akawaambia wakubwa wa ofisini kwamba atavukiza mifuko. Hakuwa mjinga. Alijua gesi na moto haviwekwi pamoja, kwa hiyo mifuko ilivukizwa ikiwa mitupu, uwanjani, mbali na mtambo wa gesi, na makaa yalimwagiwa maji kabla mtu hajagusa mpira wa kuijazia. Tulitandika mikeka, tukaufungua mdomo wa mfuko, chetezo chini yake, moshi ukaingia polepole mpaka mfuko ukavimba kidogo, kisha tukaufunga kwa leso ukalala na moshi wake. Meli ya kwanza kuvukizwa ilikuwa Subira. Ilipopaa wiki ile abiria walishuka wakinukia kama waliotoka kusalimia bibi arusi, na baada ya hapo tikiti hazikupatikana. Wallahi nilifurahi, sitasema uongo. Kwenye duka la barabarani walianza kutuita "mama" na "dada." Arusi iliyofuata tuliketishwa mbele. Roda peke yake ndiye aliyekunja uso, akasema kichwa kinamuuma, lakini Roda alikuwa akiumwa kichwa na kila kitu chetu.

Salimu alikuwa na desturi ya kula kwetu Ijumaa baada ya swala. Ijumaa moja Bi Zuhura alipika wali na mchuzi wa papa, na Salimu akawa anauzungusha wali sahanini bila kuupeleka mdomoni. Nilipotoka uani kuosha vyombo akanifuata, akachutama karibu na karai.

"Sisikii kitu mle ndani, Mwanaisha."

"Husikii nini?"

"Chochote. Kwanukia arusi tupu. Jana nimeegemea mfuko wa tatu nipite, mkono wangu ukazama. Utando umelainika kama uji, na pua yangu haikuniambia kitu." Alikuwa akiuangalia mkono wake. "Ule nimeutia kiraka. Lakini ule nimeukuta kwa bahati. Na mingine siifikii kwa mkono mpaka meli ishushwe itolewe gesi yote."

Nilimuuliza kama amewaambia ofisini. Amewaambia, akasema, nao wamemjibu kwamba meli haijawahi kujaa abiria hivi tangu iundwe. Nikamwambia basi amwambie Bi Zuhura mwenyewe, maana Bi Zuhura akiuweka chini ule ubani hakuna wa kuuwasha. Salimu akanitazama kana kwamba nimemwambia aende msikitini bila nguo. Mtu na mkwewe! Mama huyu ndiye ampaye mke, ndiye aliyetukanwa mbele ya mji mzima akajiosha kwa ubani huo, naye Salimu aende akamwambie wanuka vibaya? Hata hivyo alikwenda. Roda na mimi tulikaa kitandani tumetega masikio, na juu ya ukuta tukasikia kikombe kikiwekwa chini.

"Mama," Salimu akasema, "nimekuja kwa habari ya ule ubani."

"Una nini ubani wangu, mwanangu?"

Nilimsikia akikohoa. Nakumbuka Roda alinishika goti, akalibana kwa nguvu.

"Umezidi uzuri, mama."

Bi Zuhura akacheka kwa furaha, akamwita mbembelezi, akamwambia atamvukizia kanzu yake ya arusi kwa udi uleule. Roda akauma mto. "Huyu mjamaa atakufa na hizo adabu zake," akanong'ona, na mimi nikamkasirikia sana, nikamwambia afunge mdomo.

Nilikwenda kumwambia mwenyewe kesho yake. Bi Zuhura alikuwa akichambua mchele kwenye ungo na hakuinua macho. Kwanza aliniuliza kama nimeshaanza kumsemea mume kabla ya kuolewa. Baadaye mikono yake ikasimama, akanitaka nirudie ile habari ya mkono kuzama, nikairudia. "Kuna arusi ya kupelekwa Lamu wiki hii," akasema, "wameichagua Subira kwa ajili ya ubani, na wameshalipia. Ikirudi, na ishushwe. Mifuko yote itolewe, na mipya sitaivukiza mpaka Salimu mwenyewe aridhike. Inshallah." Nikambusu mkono. Usiku huo nilisali nikamshukuru Mungu kabla ya wakati.

Asubuhi ya safari niliona jambo ambalo halikunipendeza. Ngazi ya kamba ya Subira, iliyokuwa ikiishia magotini mwangu siku zote, ilikuwa imelala chini imejikunja. Nikamuonyesha Roda. Msimamizi wa mlingoti akasema ni umande, meli imelowa, jua likitoka itainuka. Na kweli jua lilipotoka iliinuka, wanawake wa arusi wakapanda na vifijo, yule bibi wa dhahabu safari hii akiwa wa kwanza. Salimu alipanda mwisho. Aliniangalia, akajigusa pua, akatikisa kichwa, kisha akacheka ili nisiogope. Nikaogopa zaidi. Siku nzima ile nilichuna utando ukanichanikia, Bi Zuhura asiseme neno, yeye ambaye kwa utando mmoja uliochanika hukusimamishia mji.

Ilikuwa baada ya alasiri Roda alipoinua kichwa. "Nani amewasha ubani?" Bi Zuhura akamwambia hakuna aliyewasha, chetezo hicho hapo kimefunikwa. Lakini sote tuliusikia. Tukatoka nje. Ulikuwa kila mahali, mzito, mtamu, na barabarani watu walikuwa wamesimama na nyuso juu, wakivuta pumzi, wakitabasamu. Mwanamke mmoja akapiga kigelegele. "Mashallah! Arusi ya nani hii?" Wengine wakaitikia, vigelegele vikashika barabara nzima. Roda akanishika mkono, na kucha zake ziliingia. "Huo moshi tuliufungia ndani ya mifuko," akasema. "Kama tunausikia huku chini, si mifuko imefunguka?" Nyuma yetu Bi Zuhura alitoa sauti ndogo, kama mtu aliyejikata kisu. Kisha tukaiona Subira ikija kutoka upande wa Bamburi, imerudi bila kufika Lamu, pua imeinama, kitambaa kilichofunika tumbo lake kimelegea mbele kinapigapiga, na watu wakaendelea kuipigia vigelegele.

Tulikimbia hadi uwanjani. Kamba zilitupwa, na kila aliyekuwa karibu akashika, mimi na Roda pia, na meli ikashuka mpaka vyumba vyake vikagusa nyasi. Wallahi nilidhani yamekwisha. Nahodha na watu wake waliruka chini kusaidia wanawake. Sasa, kila mtu aliyefanya kazi pale alijua kwamba abiria wa Kipungu hawashuki pamoja. Akishuka mtu, hupanda mfuko wa mchanga, akishuka mwingine, mwingine tena, maana meli ikipungukiwa uzito ghafla haina wa kuizuia. Nahodha alipiga kelele wangoje mchanga. Lakini mmoja mle ndani akalia kwamba meli yaanguka, na mlango ukabubujika watu, mabuibui na masanduku na watoto, wakijitupa, wakikimbia, wote kwa pamoja. Mifuko ya mbele ilikuwa imekwisha lakini ya nyuma ilikuwa imejaa bado, na meli ikaruka juu. Kamba ikanipita mkononi na ngozi ya kiganja ikaenda nayo. Wanaume walining'inia kidogo wakaachia mmoja mmoja. Salimu alikuwa bado juu, katikati ya mifuko, akifunga shingo ya mfuko uliochanika ili abiria wapate kushuka salama. Hakujua kwamba wameshashuka.

Alitokea kwenye tundu la chini wakati meli imeshapita kimo cha minazi. Akaangalia chini, akaangalia umbali, akaelewa. Hakupiga kelele za kuomba msaada. Alinitafuta kwa macho, akaniona, akaweka mikono mdomoni. Makelele yalikuwa mengi, watu wakilia, injini ikikohoa, lakini tulikuwa chini yake hasa, mimi na Roda, na sote wawili tulimsikia.

"Mwanaisha! Usimwambie mama! Usimwambie ni ubani!"

Subira ilipita juu ya ghuba, ikapita juu ya Likoni kwao, ikaelekea baharini ikipanda. Hatukuiona tena, wala kipande chake. Kipungu zilizobaki zilishushwa mwezi huohuo, mifuko ikazikwa, na mlingoti ulikaa na kutu miaka mpaka ulipokatwa kwa vyuma chakavu. Mimi niliolewa baadaye na mtu mwema, nikazaa, sina malalamiko. Lakini nilimpenda Salimu na ninampenda, na mume wangu alilijua hilo akaliacha lilivyo. Bi Zuhura hakugusa chetezo tena maishani mwake, hata bintiye arusini alivukizwa na mtu wa kukodi, na hakuna aliyemuuliza kwa nini. Habari ya mkono kuzama aliisikia kwangu, lakini kwamba ndiyo iliyoiua Subira hatukumtamkia kamwe; kama alijua, alijua peke yake. Kwenye hitima nilimuuliza Roda, huyu Roda asiyeweza kumeza neno likampita kooni, kama aliwahi kuteleza akamwambia yale maneno ya Salimu. Aliweka sahani chini. "Miaka yote hiyo, Mwanaisha," akasema, "hata siku moja. Na unajua mimi nilivyo." Tukalia wote wawili mbele za watu, bila aibu.

Maana siku ile uwanjani Bi Zuhura alifika nyuma yetu akihema, buibui limemteleza mabegani, kiatu kimoja hana. Alikuwa amemuona Salimu akisema lakini hakusikia. Akanishika kifundo cha mkono juu ya kile kiganja kilichochunika, akanitikisa. "Amesema nini? Nimemuona mdomo. Mwanaisha, amesema nini?" Roda alinitazama, akafunga macho.

"Amekusalimu, mama," nikamwambia. "Amesema shikamoo."

Bi Zuhura akauinua uso wake kule juu, ambako meli ilikuwa imeshakuwa ndogo, akajifunga buibui lake vizuri kwanza, akapaza sauti kama mtu amwitikiaye aliye upande wa pili wa ua. "Marahaba, mwanangu!" akasema. "Marahaba!"